Mtito Andei: Jina, Reli na Safari ya Maneno

Msafiri atokaye Mombasa kwenda Nairobi, awe amepanda gari la moshi au basi, akisha kuipita nyika ya Taru, na mji wa Voi, na mto wa Tsavo, hufika mahali ambapo safari yake imekatika katikati, mbuga mashariki yake na mbuga magharibi yake, na hapo chombo husimama ili watu wanywe chai, wanyoshe miguu, na kumshukuru Mola kwa nusu iliyopita kabla ya kumwomba salama ya nusu iliyobaki. Mahali hapo, mpakani mwa kaunti ya Makueni, panaitwa Mtito Andei. Abiria aliyezaliwa pwani huweza kulisoma jina hilo ubaoni mara arobaini maishani mwake bila kujiuliza maana yake, na pengine akadhani kuwa ni jina la mzee fulani wa zamani, Mtito mwana wa Andei, aliyekuwa na kisima au duka hapo kabla ya kuja kwa reli.

Lakini hapakuwa na Mtito wala baba yake Andei. Jina hilo ni la Kikamba, na wenyewe hulitamka Mũtitũ wa Ndei, maana yake msitu wa tumbusi, yule ndege mla mizoga ambaye watu wengi siku hizi humwita tai bila kumtenga na jamaa zake. Ukiliweka jina la Wakamba kando ya jina la ubaoni, waona kwamba limepata majeraha matatu njiani. Irabu ya kwanza imemezwa, kwa ada ya Waswahili ambao hawasemi muti bali mti, wala mutu bali mtu. Irabu ya mwisho, ambayo katika Kikamba ina makao yake baina ya u na o, imeandikwa o na mtu ambaye sikio lake halikuwa na nafasi ya irabu ya namna hiyo. Na kiungo wa kimepoteza herufi yake ya mwanzo, kikagandamana na Ndei, hata kikazaa neno Andei ambalo halina maana katika Kikamba wala katika Kiswahili. Atakaye ushahidi wa hilo jeraha la pili na aende Kitui, ambako kuna vilima vyenye asili ya jina hilo hilo la msitu, na ataviona vimeandikwa Mutitu katika waraka mmoja na Mutito katika waraka mwingine, ilhali mwenyeji akivitaja kwa kinywa chake havina ila jina moja.

Nimeanza na jina hili kwa kusudi. Tumezoea kusikia habari za matamshi ya Kiingereza kana kwamba ni habari ya upande mmoja: Mwingereza ana maneno yake, magumu kuyasoma na mazito kuyafahamu, na Mwafrika huyatamka vibaya, akachekwa. Historia ya kituo hiki kidogo cha nyikani yatoa hukumu nyingine. Maneno yalipita hapa kwenda na kurudi, kila lugha ikiyavua nguo yaliyokuja nayo na kuyavisha nguo zake, na lugha ya watawala haikufanya kazi hiyo kwa ustadi kuliko lugha za watawaliwa.

Kabla ya reli, njia hizi zilikuwa za misafara ya Wakamba, waliochukua pembe kutoka bara hata Rabai na Mombasa na kurudi na nguo na shanga. Mnamo mwaka 1844 aliingia Mombasa mmishonari Mjerumani, Johann Ludwig Krapf, aliyetumwa na chama cha misheni cha Kanisa la Kiingereza, naye alikuwa mtu wa kamusi kama alivyokuwa mtu wa Injili: mwaka 1850 ilichapishwa huko Ujerumani orodha yake ya maneno ya lugha sita za Afrika ya Mashariki, Kikamba kikiwa mojawapo, na kamusi yake kubwa ya Kiswahili ilitoka mwaka 1882, mwaka mmoja baada ya kufa kwake. Mwaka 1849 Krapf alikwenda Kitui, akawa mgeni wa Kivoi, tajiri mkuu wa misafara ya Wakamba, na tarehe 3 Desemba mwaka huo akauona kwa mbali mlima wenye theluji ambao wenyeji wake walimtajia jina. Akaliandika kwa tahajia zaidi ya moja, Kenia na Kegnia, kwa kadiri sikio lake la Kijerumani lilivyoweza kulishika. Kivoi aliuawa mwaka 1851 katika safari ya kuelekea mto Tana, Krapf akiwa pamoja naye, na mmishonari yule alirudi akiponea chupuchupu. Lakini neno lililotoka vinywani mwa Wakamba lilikuwa limekwisha kuandikwa, na ndilo lililokuja kuwa jina la nchi nzima.

Hapa nataka msomaji asimame nami kidogo. Wakikuyu huuita mlima ule Kĩrĩnyaga, na Wakamba huuita Kĩĩnyaa. Na wazee wengi husema kwamba asili yake ni mbuni, ambaye Wakikuyu humwita nyaga na Wakamba nyaa, kwa kuwa weusi wa miamba na weupe wa theluji ni kama manyoya ya mbuni dume. Sasa rudi kwa tumbusi wetu: Wakikuyu humwita nderi, na Wakamba ndei. Ndege wawili, kanuni moja: pale ambapo Mkikuyu huitia konsonanti katikati ya irabu mbili, Mkamba huiacha ianguke. Kwa hiyo jina la jamhuri na jina la kituo cha chai ni ndugu wa tumbo moja, na ukosefu wa r na g ndani ya neno Kenya ni muhuri unaoshuhudia kwamba neno hilo lilichukuliwa kinywani mwa Mkamba.

Tena irabu ya kwanza ya neno Kenya ina kisa chake. Nchi ilipogeuzwa kutoka Himaya na kuwa Koloni mwaka 1920, ikaitwa Kenya, na Waingereza walioitawala wakawa wanaitamka Kinya, kwa i ndefu. Ilipofika mwaka 1963 na bendera yao ikateremshwa, matamshi yakaambiwa yabadilike, ikawa Kenya, kwa e iliyo wazi, na hata leo mtu asemaye Kinya hudhaniwa kuwa ana huzuni ya kupotea kwa siku za ukoloni. Mabishano hayo yalipata kuwa ya kisiasa, lakini mwanafunzi wa sauti atayaona kwa jicho jingine. Kikamba kina irabu saba, na ile iandikwayo ĩ hutamkwa baina ya i na e za Kiswahili. Aliyesema Kinya aliisogeza irabu hiyo juu, na asemaye Kenya huisogeza chini, na yenyewe imebaki katikati, mahali ilipokuwa siku Kivoi alipomkaribisha mgeni wake.

Kiingereza chenyewe kilianza kukaa karibu na Mtito Andei mwaka 1891, pale Wamishonari wa Uskoti walipofungua kituo huko Kibwezi, mwendo wa siku chache kwa miguu, na kufundisha hapo mpaka mwaka 1898 homa ilipowahamisha kwenda nchi ya Wakikuyu. Ni jambo la kukumbukwa kwamba walimu wale hawakuwa Waingereza wa kusini, maana Mskoti huipiga r ikalia kama ya Mswahili, na Mwingereza wa London huimeza kabisa ifuatapo irabu. Basi hata huko kwao hapakuwa na kinywa kimoja ambacho mgeni angeweza kuambiwa, hiki ndicho kipimo. Kibwezi ilikuwa pia kiungo cha barabara mbili za magari ya ng'ombe, moja iliyotoka pwani ikaitwa kwa jina la Mackinnon, mkuu wa Kampuni ya Kiingereza, na ya pili iliyoendelea bara chini ya usimamizi wa afisa aitwaye Sclater, ambaye jina lake lina herufi c ya kupambia tu, kwani wenyewe husema Sleta. Mkamba aliyelisikia jina hilo na kulirudia kwa usahihi angehesabiwa kuwa amekosea siku alipoliona limeandikwa.

Kisha ikaja reli. Ilianza Mombasa mwaka 1896, ikauvuka mto Tsavo mwaka 1898, ikafika Nairobi mwaka 1899, na ziwa la Nyanza mwaka 1901, zaidi ya maili 570, na wafanya kazi wapatao 32,000 walioletwa kutoka Bara Hindi. Ndani ya Bunge la Uingereza walikuwako walioipinga, na mbunge Henry Labouchere aliikejeli mwaka 1896 kwa kuiita reli ya wendawazimu. Neno alilolitumia, "lunatic", latokana na neno la Kilatini lenye maana ya mwezi, kwa kuwa watu wa Ulaya wa kale waliitakidi ya kwamba kukua na kupungua kwa mwezi huzichafua akili za wanadamu. Hutamkwa kwa kuikandamiza silabi ya kwanza, na zilizobaki zikafuata kama watumwa nyuma ya bwana wao. Na hapo ndipo penye tofauti kubwa kabisa baina ya Kiingereza na Kiswahili: mkazo wa Mswahili una makao yake, silabi ya pili kutoka mwisho, asubuhi na jioni, ambapo mkazo wa Mwingereza hauna nyumba maalumu, na irabu isiyopata mkazo hufifia hata isijulikane kuwa ni a, au e, au o.

Mswahili, Mkamba na Mhindi, waliokuwa wakibeba vyuma pamoja, hawakungoja kufundishwa. Waliyachukua maneno kwa sikio, wakayapa irabu pale zilipokosekana na mkazo pale ulipostahili. Neno la chuma cha njia likawa reli; la kituo likawa stesheni, na tahajia hiyo ni aminifu kwa sauti kuliko ya Kiingereza, ambayo huandika t pale inaposemwa sh; mlinzi wa gari akawa gadi, bila r, kwa sababu bwana aliyelitamka neno hilo mbele yao hakuitamka hiyo r; mwendesha mtambo akawa dereva, akapewa e moja kama daraja la kuvukia baina ya d na r, ambazo ulimi wa Kibantu haupendi kuzikutanisha. Hati ya safari ikawa tikiti, ikajikuta ina wajina shambani, tunda lenye maji mengi, na hakuna abiria aliyewahi kuchanganyikiwa. Kikundi cha vibarua wa njia kikawa genge, na neno la Kiingereza lililokizaa, "gang", zamani za kale halikuwa na maana ya kikundi hata kidogo, bali ya mwendo au safari. Vibarua walioitwa genge, wakitembea kutwa kandokando ya njia ya chuma, walikuwa wameirudia maana ya kwanza pasipo kujua. Behewa lenye magurudumu mengi wengine waliliita bogi, na hilo ni neno la wachimba migodi wa kaskazini ya Uingereza ambalo kamusi zao wenyewe zakiri kwamba asili yake haijulikani.

Mengine hawakuyachukua, kwa kuwa ghala ya pwani ilikuwa na mali ya kutosha. Magogo yalazwayo chini ya reli Mwingereza huyaita kwa neno lenye maana ya mlalaji, neno la kuchekesha kwa kitu kinachokanyagwa na garimoshi usiku na mchana. Waswahili waliyatazama yalivyokingama, yakiishika njia isipanuke, wakakumbuka mbao zinazoutia nguvu ubavu wa jahazi, wakayaita mataruma. Gari la abiria wakaliita behewa, nalo katika nyumba za mawe za Lamu na Mombasa lilikuwa jina la ua wa ndani. Malipo ya safari yakabaki nauli, kama yalivyokuwa kwa nahodha wa chombo cha matanga, na mizigo ikabaki shehena. Kwa hiyo treni ilipokuwa ikipanda kutoka pwani kwenda Ukambani, kwa lugha ya waliomo ilikuwa merikebu ya nchi kavu, ina mataruma, ina nauli, ina shehena, imekosa tanga tu.

Yako pia maneno ambayo karani wa stesheni, akiwa amevaa kofia yake na kalamu sikioni, aliyaona vitabuni akayadhania kuwa ni Kiingereza kigumu cha watu wa elimu, kumbe yalikuwa jamaa zake wa karibu waliokwenda ughaibuni wakarudi wamevaa suruali. Orodha ya viwango vya malipo Mwingereza huiita "tariff", husemwa tarif kwa mkazo wa mwanzo; neno hilo lilipitia Italia likitokea katika Kiarabu, na ndilo hilo hilo tulilonalo sisi katika neno taarifa, yaani tangazo la kumjulisha mtu jambo. Mhesabu fedha aliyezikagua rupia katika forodha na mabenki ya Bahari ya Hindi aliitwa "shroff", husemwa shrofu kwa pumzi moja, na nasaba yake ni sarrafu wa Waarabu, mbadili fedha, ambaye sisi tumebaki na sarafu zake mfukoni. Upepo wa kaskazi na kusi wao huuita "monsoon", walilolipokea kwa Wareno, nao Wareno walilipokea kwa Waarabu, na mzizi wake ndio uliotupa msimu. Tarakimu ya utupu waliiita "cipher", husemwa saifa, nayo ni sifuri yetu. Na ghala ya baruti waliiita "magazine", husemwa magazin kwa kukaza mwisho, kutokana na mzizi ule ule wa hazina. Halafu wakalihamisha jina hilo kutoka ghala ya baruti mpaka ghala ya makala, nasi leo tukishika jarida mkononi twashika, kwa lugha yao, kipande cha hazina.

Hata neno godauni, ambalo mtoto wa Mtito Andei aweza kuapa kuwa ni la Kiingereza, Waingereza walilipata Mashariki, katika bandari za Wamalai na Wahindi, na neno la mnyonya damu aliyewaua wanyama wa mizigo katika nyika hii, "tsetse", walilichukua kwa Watswana wa kusini, ingawa wenyeji wa huku walikuwa na mbung'o na ndorobo zao. Kulitamka ni mtihani kwa Mwingereza, kwa sababu ulimi wake hauanzi neno kwa sauti hizo mbili pamoja. Kwa sababu hiyo hiyo mto wa Tsavo, uliopata sifa duniani baada ya simba wawili kuwala vibarua wa daraja mwaka 1898 na Patterson, msimamizi wa ujenzi wa daraja hilo, kuwaua mwishoni mwa mwaka huo na kuandika kitabu mwaka 1907, wasomaji wengi wa kitabu hicho huko London waliuita Savo.

Patterson huyo baadaye alikuwa Luteni Kanali, na cheo hicho ni darasa zima la matamshi. Neno "colonel" lilitoka kwa Waitalia likiwa na l mbili pembeni mwa n, Wafaransa wakaigeuza l ya kwanza kuwa r, na Waingereza, kwa busara au kwa uvivu, wakachukua maandishi ya Waitalia na matamshi ya Wafaransa, kisha wakaimeza hata hiyo r. Mswahili aliyelisikia uwanjani pa gwaride akaandika kanali, na kwa kweli amekaribia sauti kuliko herufi zao wenyewe. Lakini la kwanza, "lieutenant", Mwingereza hulisema leftenanti, akiingiza f ambayo hakuiandika popote, na sisi tukasema luteni, bila f. Maneno mawili ya cheo kimoja, basi, yaliingia kwa milango miwili: kanali aliingia kwa sikio, na luteni akaingia kwa jicho.

Vita vya 1914 viliufungua mlango wa sikio kwa nguvu. Reli hii ilikuwa shabaha ya Wajerumani waliovuka nyika kutoka upande wa Kilimanjaro ili kuilipua, na maelfu ya wanaume, Wakamba wengi miongoni mwao, walikusanywa kuwa wapagazi wa jeshi. Kikosi chao kiliitwa kwa maneno mawili, "Carrier Corps", na hilo la pili ni neno lenye herufi tano na sauti mbili tu, kwa kuwa p na s zake ni maiti, na r yake haisikiki. Anayelisoma bila kufundishwa hulitamka kama maiti yenyewe, yaani "corpse", kosa ambalo limewafedhehesha hata Waingereza. Wapagazi hawakulisoma, walilisikia likiitwa asubuhi na mapema, siku baada ya siku, wakalirudisha sawasawa: Kariakoo. Makambi yao yamekuwa mitaa na masoko, Kariakoo ya Dar es Salaam na Kariokor ya Nairobi, na utaona kwamba Dar es Salaam imeandika kile ilichokisikia, na Nairobi imemwonea haya mwalimu ikarudisha r mahali pake. Wengi wa walioitwa kwa jina hilo hawakurejea makwao. Wametuachia neno, na neno hilo limetamkwa kwa usahihi kuliko wasomi wengi wanavyolitamka lile la asili yake.

Yafaa sasa kuitazama kanuni inayotawala ulimi wa Mkamba mwenyewe, kwa kuwa ndio unaochekwa zaidi katika michezo ya kuigiza ya redio na televisheni. Kikamba hakina p wala r, na b na d zake hazitoki nje bila kutanguliwa na m au n, kama bibi wa zamani asiyetoka bila mjakazi. Afunguaye Biblia ya Kikamba atawakuta mitume Vetelo na Vaulo, ambao ni Petro na Paulo, na akitazama vizuri ataona kwamba hapakuvunjika sheria yoyote: p imekuwa v, r imekuwa l, na baina ya t na r ikatiwa e, kazi ile ile iliyofanywa na Mswahili alipomtengeneza dereva. Kumcheka Mkamba kwa Vetelo, halafu kusujudu mbele ya Savo na Andei ya Mwingereza, ni kupima nguo kwa mikono miwili, mrefu wa kununulia na mfupi wa kuuzia. Na wako wazee wanaokumbuka jinsi shule nyingi za nchi hii zilivyomvika mtoto kibao shingoni kwa kosa la kusema lugha ya mama yake. Kibao hicho kilikuwa kikimsubiri hata yule aliyekosea neno la Kiingereza akalikimbilia la nyumbani.

Magari ya barabarani yalipoinyang'anya reli nusu ya abiria wake, Mtito Andei ikawa mji wa malori na mabasi, na maneno yakaendelea kuteremka hapo pamoja na wasafiri. Msaidizi wa dereva wa lori aliitwa taniboi, kutokana na maneno mawili ya Kiingereza ambayo ukiyaunganisha na kuyapeleka Uingereza hapana atakayekufahamu, kwa kuwa yaliunganishwa huku kwetu, kwa ajili ya kijana aliyekizungusha kishikio cha chuma mbele ya mtambo mpaka ukawaka. Vishikio hivyo vimekwisha toweka, taniboi yungali yuko. Nyumba ya kulia chakula ikaitwa hoteli, hata ikiwa na benchi moja na birika moja, na nyumba ya kulala ikaitwa lojing, hata watu wakawa wanakula hotelini na kulala lojing bila kuona ajabu, ambapo kwa Mwingereza hoteli ni ya vyote viwili. Neno hilo nalo lina asili ya Kifaransa, na Waingereza wa juzijuzi tu walikuwa bado wakilitamka bila h ili waonekane waungwana. Sisi tuliipokea h, tukaikalisha mbele ya neno, na hapana aliyetuuliza uungwana wetu.

Wanazuoni wa Kiarabu wana kauli yao kwamba kosa lililoenea ni bora kuliko sahihi iliyosahauliwa. Naikubali kauli hiyo kwa sharti moja, ya kuwa sahihi isisahauliwe. Mtoto afundishwe Kiingereza, na afundishwe vizuri, pamoja na p zake zilizokufa na l zake zisizosikika, maana ni lugha ya mitihani na ya kazi. Lakini afundishwe pia kwamba ugumu wake ni historia iliyoganda katika herufi, na kwamba kila ulimi, pamoja na wa Mwingereza, hutamka neno la ugenini kwa sheria za nyumbani kwake. Mwalimu wa Makueni anao mfano ulio karibu kuliko wowote utakaopatikana kamusini, nao umeandikwa kwa herufi kubwa kando ya njia.

Tarehe 31 Mei 2017 ilizinduliwa reli mpya kutoka Mombasa hadi Nairobi, na kituo kipya kikafunguliwa hapo katikati. Vyuma ni vipya, mataruma si ya mbao tena, na tikiti hununuliwa kwa simu. Jina lililoandikwa ubaoni ni Mtito Andei.